Faini ya Mahindi Mabaya: Ni Nani Ailipe?

Serikali ni mnunuzi mkubwa wa chakula. Shule za bweni, hospitali, magereza na vyuo hununua mahindi, maharagwe, viazi na maziwa mwaka mzima, na vyama vyetu vya ushirika katika skimu vingependa sana kupata sehemu ya biashara hiyo. Lakini kila karatasi ya mapatano ina mahali palipoandikwa kwamba chakula kikiwa hafifu, muuzaji atakatwa fedha, au mali yake itakataliwa, au mapatano yenyewe yatavunjwa. Wengi hutia sahihi pasipo kusoma mahali hapo. Siku gari linapogeuzwa langoni, ndipo maneno yanapoanza: tumeonewa, tumefanyiwa siasa, mtu fulani alitaka chake.

Maoni yangu ni haya. Faini ya chakula kibaya ni haki, na mkulima asiombe iondolewe. Aombe ilingane na kosa, na aombe imfuate mwenye kosa. Hilo la pili liko mikononi mwetu wenyewe katika mikutano ya vyama, na ndilo tunalolikwepa zaidi.

Kwa nini naiita haki? Mama anayenunua mahindi sokoni hutia mkono guniani, akatafuna punje, akanusa, na asiporidhika akaenda kwa mwuzaji wa pili. Mtoto wa bweni hawezi kufanya hivyo. Anakula githeri iliyopikwa jikoni mwa shule, leo na kesho na mwezi ujao, na kama mahindi yale yana kasoro yeye hana pengine pa kula. Mgonjwa kitandani ni vivyo hivyo, na mfungwa pia. Kwa hiyo anayenunua kwa niaba yao sharti awe mkali kuliko mama wa sokoni.

Wala ukali huu si wa bure. Mwaka 2004, kati ya mwezi wa Januari na Julai, watu 317 waliugua katika Makueni, Kitui na wilaya za jirani, na 125 kati yao wakafa. Kilichowaua ni sumukuvu, ile iitwayo pia aflatoksini, nayo ilikuwa katika mahindi. Mahindi hayo hayakuletwa na meli. Mengi yalilimwa huko huko, yakawekwa nyumbani yakiwa hayajakauka, yakaota ukungu. Sumu hiyo huwezi kuijua kwa kuonja, na kuchemsha hakuiondoi. Punje chache zilizooza zaweza kuharibu chakula cha gunia zima.

Ndiyo maana kipimo kilichokubaliwa na nchi za Afrika Mashariki ni kidogo mno: sumukuvu isizidi sehemu 10 katika sehemu bilioni moja. Kwa lugha ya shambani, katika tani moja ya mahindi, yaani magunia 11 ya kilo 90 na kidogo juu yake, sumu isizidi miligramu 10. Na unyevu usizidi asilimia 13.5, kwa sababu ukungu hupenda mahindi yenye maji. Hizo mbili ndizo hesabu ambazo kila mkulima wa mahindi angepaswa kuzijua kama ajuavyo siku ya soko. Mengine, kama punje zilizovunjika, zilizotobolewa na fukusi, na takataka, yana vipimo vyake pia, kwa kadiri ya daraja la mahindi.

Mwezi wa Machi mwaka 2021 Kenya ilizuia kwa siku chache mahindi kutoka Uganda na Tanzania kwa sababu ya sumu hiyo hiyo, kisha ikayaruhusu kwa masharti ya vyeti vya kupimwa. Nakumbuka jinsi wakulima wengi wa kwetu walivyofurahi. Basi hatuwezi kushangilia mahindi ya jirani yanapozuiwa mpakani, kisha tukalia yetu yanapozuiwa katika mlango wa stoo ya shule. Kipimo ni kimoja.

Sasa tuje kwenye jambo lenyewe, nalo ni fedha. Mtu huacha mahindi yakiwa na maji kwa sababu gani? Wengine ni uvivu, wengine ni mvua iliyokataa kukatika, wengine hawana pa kuanika. Lakini wako wanaojua wanachofanya. Maji yana uzito, na uzito unalipwa.

Chukua gunia la kilo 90 lenye unyevu wa asilimia 16. Likikaushwa mpaka asilimia 13.5 litabaki na kilo 87.4 hivi. Kilo 2.6 zilikuwa maji matupu. Kwa bei ya Sh. 4,000 kwa gunia, ambayo ni bei Serikali iliyoitangaza mwaka 2023, maji hayo yana thamani ya Sh. 115. Mtu mwenye magunia matano akiyaleta chamani bila kuyakausha, amelipwa Sh. 575 kwa kuuza maji.

Tuseme chama kina wanachama 40, kila mmoja ameleta magunia matano, jumla 200, mali ya Sh. 800,000. Wanachama 32 wameanika vizuri, mahindi yao yana asilimia 13. Wanachama 8 wameleta yenye asilimia 16. Mahindi yanapakiwa pamoja, gari linafika, mpimaji anachukua kidogo kidogo kutoka kila gunia, anachanganya, anapima. Anapata asilimia 13.6. Gari linakataliwa.

Nimefanya hesabu hii kwa makusudi ili uone jinsi watu 8 kati ya 40 wanavyotosha kuharibu kazi ya wote, na kwa tofauti ndogo namna hiyo. Sasa gari lirudi. Tuseme gharama ya kurudi ni Sh. 20,000, na kuanika, kupepeta na kufunga upya ni Sh. 10,000. Hizo ni Sh. 30,000. Katibu, kwa kuwa hajui gunia lipi ni la nani, anazigawanya sawa kwa wote: kila mtu anakatwa Sh. 750. Wale 8 waliandikiwa uzito wa maji walipoleta, kwa hiyo kila mmoja wao amepata Sh. 575 na amekatwa Sh. 750. Amepoteza Sh. 175. Yule aliyeamka alfajiri kutandaza turubai, akachunga kuku wasile, akayaingiza ndani kila wingu lilipotanda, yeye amepoteza Sh. 750 nzima.

Mwaka wa kwanza mkulima huyu atanung'unika. Mwaka wa pili ataleta mahindi yenye maji kama wenzake, na nani atamlaumu? Hivyo faini iliyowekwa ili kuleta mahindi makavu, ikigawanywa sawa, inaleta mahindi mabichi. Mimi sijui njia ya haraka zaidi ya kuvunja chama.

Lakini kama gunia lina alama ya mwenyewe, Sh. 30,000 zile zinagawanywa kwa wale 8, kila mmoja Sh. 3,750, na uzito wao unasahihishwa baada ya kukausha. Sh. 3,750 kwa tamaa ya Sh. 575! Huhitaji semina ya kuanika mahindi baada ya hapo.

Skimu zetu za kwanza zilifunguliwa tangu mwaka 1962, familia zipatazo 35,000 zikapewa mashamba, na vyama vya ushirika vikaanzishwa humo ili kuuza mazao pamoja. Wazee wanalijua neno makato tangu siku za kulipa mkopo wa ardhi, na nadhani ndiyo sababu tukisikia kukatwa tunanyamaza tu kama watu waliozoea mvua. Lakini mkopo ule ulikuwa na jina la kila mtu na namba ya shamba lake. Hakuna aliyekubali kulipa deni la shamba namba nyingine. Kwa nini tukubali kulipa maji ya gunia la mwingine?

Nimesema faini ilingane na kosa. Hapa mkulima anayo haki, na yafaa aijue kabla ya kutia sahihi. Sheria ya Uuzaji wa Bidhaa, Sura ya 31 ya sheria za Kenya, inampa mnunuzi nafasi ya kukagua mali, na kama hailingani na mapatano anaweza kuikataa. Akiikataa kwa haki hana wajibu wa kukurudishia. Inatosha akujulishe kwamba ameikataa. Yaani gari la kurudi ni lako, isipokuwa mapatano yameandika vinginevyo. Ukileta pungufu ya mlivyopatana anaweza kukataa zote, lakini akizipokea sharti akulipe zile alizopokea. Sheria hiyo haina ubaya, ila haimhurumii asiyesoma.

Juu ya hayo kuna fedha zinazotajwa katika mapatano yenyewe, kwamba ukikosa utalipa kiasi fulani. Je, mnunuzi anaweza kuandika kiasi chochote atakacho? Hapana. Kanuni ni ya zamani, ilielezwa na majaji wa Uingereza mwaka 1915 katika kesi ya kampuni ya Dunlop, na mahakama za Kenya zimekuwa zikiitumia. Mwuzaji wa magurudumu alikuwa ameahidi kulipa pauni 5 kwa kila gurudumu atakalouza chini ya bei iliyowekwa. Majaji walisema fedha hizo ni halali, kwa sababu zilikuwa makadirio ya kweli ya hasara ambayo ni vigumu kuihesabu. Lakini walisema pia kwamba fedha zikiwekwa ili kumtisha mtu tu, mahakama haitazitoza. Na alama moja ya vitisho ni hii: kiasi kile kile kinatozwa kwa kosa kubwa na kwa kosa dogo.

Shika alama hiyo. Mapatano yanayosema muuzaji atapoteza dhamana yake yote, iwe ameleta mahindi yenye sumu au ameleta magunia mawili yenye mabua, hayakuandikwa vizuri. Sumukuvu ikizidi kipimo, mzigo wote ukataliwe, na sina la kuongeza. Hakuna sumu ya nusu bei. Unyevu ni kosa linaloponyeka, kwa hiyo muuzaji apewe siku kadhaa za kukausha na kuleta tena, kwa gharama yake. Punje zilizovunjika na takataka zikatwe kwenye bei, kwa jedwali lililoandikwa katika mapatano, si kwa jicho la mtu siku hiyo. Chama kinachopeleka barua kuomba mambo haya kabla ya tenda kufungwa hakifanyi ukaidi. Kinafanya biashara.

Dhamana niliyoitaja iko katika Sheria ya Ununuzi wa Umma na Uuzaji wa Mali ya mwaka 2015. Mnunuzi wa serikali anaweza kuidai isiyozidi asilimia 10 ya thamani ya mapatano. Kwa ile mali yetu ya Sh. 800,000 ni Sh. 80,000, na kwa chama kidogo hiyo si fedha ya mchezo. Sheria hiyo hiyo inaruhusu mtu aliyevunja mapatano afungiwe tenda zote za serikali kwa muda usiopungua miaka mitatu. Fikiri kidogo: maji ya watu 8 yanaweza kukifungia chama mlango wa kila shule, hospitali na gereza kwa misimu mitatu. Tena sheria imetenga asilimia 30 ya ununuzi kwa vijana, wanawake na watu wenye ulemavu, na vikundi vya akina mama katika skimu vinaweza kuomba nafasi hizo. Ingekuwa huzuni nafasi iliyopatikana kwa shida ipotee kwa ajili ya turubai.

Sasa nimgeukie anayepima. Mtu mwenye uwezo wa kurudisha gari la magunia 200 ameshika fimbo kubwa, na dereva anayeungua mafuta langoni anaiogopa. Hapo ndipo chai inapoombwa. Na ubaya wa chai una pande mbili: mwenye mahindi mazuri hulipa ili yasikataliwe, na mwenye mahindi mabaya hulipa ili yapokewe. Ukilipa wewe mwenye mazuri umemfundisha mpokeaji kwamba kipimo kinauzwa, na kesho jirani yako mwenye mabaya atakinunua kwa bei ya juu kuliko wewe.

Dawa yake ni mashine na karatasi. Sheria ya mwaka 2015 inazungumza juu ya kamati ya ukaguzi na upokeaji, yenye mwenyekiti na wengine wasiopungua wawili, inayokagua mali na kutoa cheti cha kuipokea. Ulizia kamati hiyo kwa heshima. Karani wa stoo akitoka peke yake, akatafuna punje mbili na kusema haya hayafai, mwambie: tafadhali mzee, yapimwe kwa kipimo cha unyevu, na uniandikie namba uliyoipata. Mtu mwaminifu hatakasirika.

Kuna njia ya kuchukua sampuli pia. Bambo lichomwe katika magunia mengi, juu, katikati na chini, si katika gunia moja la nyuma ya gari lililolowa na umande. Sumukuvu hukaa mahali pamoja pamoja, na sampuli ya gunia moja yaweza kukuonea au kukupendelea bure. Nafaka iliyotolewa ichanganywe, kisha igawanywe sehemu tatu: moja ipimwe, moja achukue muuzaji, ya tatu ifungwe mbele ya wote na kutiwa sahihi, iwekwe mpaka fedha zitakapolipwa. Mkigombana, ile ya tatu ipelekwe kwa mpimaji mwingine. Maneno haya yaandikwe katika mapatano. Yakiandikwa, magomvi mengi hayatazaliwa.

Wala usingoje kupimwa huko uendako. Chama kipime kwanza kabla ya kupakia, kiandike namba, dereva atie sahihi. Mvua ikinyesha njiani na turubai la gari lina matundu, utajua ni nani wa kuzungumza naye. Kipimo cha unyevu cha kushika mkononi kinaweza kununuliwa kwa bei ya magunia machache ya mahindi, na chama kizima kinahitaji kimoja tu. Kama bado hamna, kuna ile njia ya chumvi: weka mahindi na chumvi kavu kidogo katika chupa kavu ya kioo, tikisa, acha kitambo. Chumvi ikishika kioo, mahindi yana unyevu zaidi ya asilimia 15 hivi. Lakini angalia, isiposhika haina maana kwamba yamefika 13.5. Chupa hukuambia usiuze. Haiwezi kukuambia uuze.

Wako watakaosema kuanika ni maneno ya gazeti, mvua ya Oktoba na Novemba haisomi gazeti. Ni kweli. Bodi ya Nafaka na Mazao ina mashine za kukaushia, na tangu mwaka 2023 serikali imepeleka nyingine za kuhamishwa katika kaunti. Hulipiwa, ndiyo. Linganisha malipo hayo na gari la kurudi. Kwa wale wa sehemu za joto zinazosumbuliwa na ukungu, iko pia Aflasafe, inayotengenezwa na KALRO kule Katumani, ambayo hunyunyizwa shambani wiki mbili au tatu kabla mahindi hayajatoa maua. Muulize Bwana Shamba au Bibi Shamba mapema. Ukimwuliza wakati wa kuvuna atakupa pole tu.

Kuna wakulima ambao hawauzi kwa Serikali moja kwa moja. Mfanyabiashara ameshinda tenda ya shule, anakuja na lori mpaka kwenye kiambo, anapima kwa debe, anapakia, analipa nusu, anaahidi nusu. Baada ya wiki mbili anapiga simu: mahindi yako yamekataliwa, nimetozwa faini, nusu ile usahau. Ndugu Mkulima, faini katika mapatano yake na shule ni kati yake na shule. Wewe hukutia sahihi pale. Alikagua, akapokea, akapakia. Kama alitaka kukudai baadaye alipaswa kupatana nawe kwa maneno yaliyo wazi. Mwombe akuonyeshe cheti cha kukataliwa, kina tarehe gani na mzigo gani. Lakini ukiwa huna hata kipande cha karatasi, mtabaki kubishana kwa simu. Daftari la shule la mtoto linatosha: tarehe, idadi ya magunia, uzito, unyevu uliopimwa, fedha zilizolipwa na zilizobaki, sahihi mbili. Na mnaouza viazi, kumbukeni kwamba kanuni za mwaka 2019 zimeweka gunia la viazi lisizidi kilo 50. Anayekuja na gunia la kujazwa mpaka lipite mdomo anakuibia kabla hamjafika kwenye ubora.

Gazeti hili ni la Serikali, na msomaji atauliza kama naweza kuisema Serikali. Naweza, kwa kuwa sheria yenyewe imeisema. Ile Sheria ya mwaka 2015 inaeleza kwamba, kama mapatano hayakusema vinginevyo, muuzaji anayechelewa kwa kosa lake atalipa fidia, na mnunuzi wa serikali anayechelewesha malipo atalipa riba. Mambo hayo mawili yamewekwa pamoja katika kifungu kimoja, cha 140. Fidia inatozwa upesi. Riba husikii ikitajwa. Madeni ya wauzaji yamekuwa habari ya kila mwaka katika serikali za kaunti na wizara, na mkulima aliyeleta mahindi mazuri mwezi wa Desemba hana karo mwezi wa Januari. Mnunuzi anayetaka mahindi ya asilimia 13.5, si 13.6, naye awe mtu wa siku 30 kama alivyoandika siku 30, si 90. Akichelewa, katibu aandike barua ya kudai riba, na nakala aiweke. Hata kama haitalipwa msimu huu, barua isiyoandikwa haitalipwa kamwe. Na soma karatasi kwanza, kwa maana yale maneno "kama mapatano hayakusema vinginevyo" yana meno: mnunuzi mwerevu anaweza kuwa amekwisha kuiondoa riba yako katika ukurasa wa tano.

Narudi kwenye chama, kwa kuwa huko ndiko tunakoweza kuanza Jumatatu. Katika mkutano mkuu ujao mwanachama mmoja asimame, atoe pendekezo kwamba sheria ndogo za chama ziseme hivi: kila gunia litiwe namba ya mwanachama, mahindi ya kila mmoja yapimwe unyevu yanapoingia stoo, na namba iandikwe katika kitabu na katika risiti yake, yasiyofika kipimo yasichanganywe na mengine, yarudishwe nyumbani au yakaushwe kwa gharama ya mwenyewe, na mzigo ukikatwa fedha na mnunuzi, kitabu kionyeshe ni nani wa kukatwa. Kama mali ilipita vizuri kwenye kipimo cha chama na ikaharibikia stoo kwa sababu paa linavuja, hapo gharama ni ya chama chote, maana stoo ni ya wote, na kamati ijieleze.

Utasikia upinzani. Mmoja atasema tutagombana na majirani, kwani tumeishi pamoja tangu skimu ilipogawanywa. Kwa maoni yangu tayari tunagombana, ila kwa kunong'ona, kila mtu akimtuhumu mwenzake kwa mahindi ambayo hakuna ajuaye yalikuwa ya nani. Mwingine atasema mjane fulani hana turubai wala vijana wa kumsaidia. Hoja hiyo ni ya kweli, na haifai kuipita. Lakini tukitaka kumsaidia mjane, chama kinunue turubai kumi za kuazima, na apewe yeye kwanza. Tusimsaidie kwa kuficha mahindi yake mabichi katikati ya yetu, kwa sababu gari likirudi yeye naye anakatwa Sh. 750, na kwake hizo ni nyingi kuliko kwa mtu yeyote katika mkutano.

Wa tatu, naye mara nyingi ni mjumbe wa kamati, atasema kazi ya kuandika ni kubwa. Wanachama 40, magunia 200: ni mistari 40 katika kitabu. Rangi kopo moja na brashi vinatosha kutia namba magunia yote. Asipotaka kuandika, muulizeni kwa upole mahindi yake mwenyewe mwaka jana yalikuwa na unyevu wa kiasi gani.